Diski mbili za Spencer Williams: anza na ya pili

Nimezipa nyota nne. Seti hii ina diski mbili: ya kwanza ni vipindi vya televisheni vya vichekesho vya Amos 'n' Andy, ya pili ni filamu ya The Blood of Jesus. Nakusihi uanze na ya pili. Ukitangulia na ya kwanza utaondoka na Andy peke yake, yule mnene wa kofia na sigara anayeingizwa mjini na rafiki yake tapeli, Kingfish, kila wiki, na Spencer Williams mwenyewe, Mmarekani mweusi aliyemwigiza, utakuwa umemkosa.

Filamu hiyo aliiandika, akaiongoza na kuiigiza mwaka 1941 huko Texas, kwa bajeti ya takriban dola 5,000. Inaanza na ubatizo mtoni. Mimi nimekulia Mwanza kwenye kanisa linalobatiza ziwani, na nilipowaona wale watu wa kanzu nyeupe wakiteremka majini huku wanaimba, nilisimamisha diski nikamwita mama aliyekuwa jikoni. Tukaitazama wote.

Ras, mume, ambaye ni Spencer mwenyewe, hayupo ubatizoni. Kaenda kuwinda, kumbe mawindo yenyewe ni nguruwe wa jirani. Akiwa nyumbani bunduki inaanguka na kufyatuka. Risasi inampata mkewe Martha, inatoboa na picha ya Yesu iliyotundikwa ukutani. Mtazame Ras baada ya hapo, kando ya kitanda, mtu asiyezoea kusali akianza kusali. Kwa miaka mingi ilidhaniwa filamu hii imepotea, mpaka nakala ilipopatikana ghalani mjini Tyler, Texas, miaka ya 1980. Mwaka 1991 iliingizwa katika National Film Registry, orodha ya Marekani ya filamu za kuhifadhiwa.

Sasa rudi kwenye diski ya kwanza. Redioni, Amos na Andy walikuwa Wazungu wawili, Freeman Gosden na Charles Correll, walioigiza sauti za watu weusi tangu 1928. Kampuni ya utangazaji ya CBS ilipokipeleka kipindi kwenye televisheni Juni 1951, wahusika walichezwa na waigizaji weusi, na Spencer akawa Andy. NAACP, chama cha kutetea haki za watu weusi Marekani, ilipinga vikali kwamba kinawaonyesha watu weusi kama wavivu na matapeli. Mwaka 1953 kikasimama, na marudio yakaondolewa 1966. Mimi nipo upande wa NAACP. Lakini mwangalie Spencer anavyochelewa kidogo kabla ya kujibu, macho yanavyoanza kuelewa kabla mdomo haujafunguka. Huyo ni mtu aliyekwisha kukaa nyuma ya kamera, anajua sekunde moja ina uzito gani. Alifariki Los Angeles mwaka 1969, na wengi walimkumbuka kama Andy tu.

Nyota moja nimeikata kwa sababu ya muuzaji. Diski ya kwanza ilifika na mkwaruzo, kipindi cha tatu kinaganda katikati, na barua pepe zangu mbili hazijajibiwa. Jalada nalo lina picha ya Andy tu. Kwamba Spencer ndiye aliyeongoza filamu iliyomo ndani halikuandikwa popote. Hilo limeniuma zaidi ya mkwaruzo.

Mama hajui Kiingereza, nilikuwa namtafsiria. Filamu ilipofika penye njia panda, kibao kimoja kinaelekeza Sayuni na kingine Jehanamu, na Shetani yuko na lori lenye bendi, aliniambia ninyamaze, anaelewa.