Walinifungia faiba kwa tepu nyeusi kama waya wa redio

Nilisema nitanyamaza yaishe, ila leo nimefungua droo nikaikuta ile tepu nyeusi hasira ikanipanda upya. Jina la kampuni silitaji. Mimi nina stesheneri Tabata, napiga fotokopi, naprinti, na msimu wa maombi ya mikopo ukifika wanafunzi wanajaa mpaka barazani, kwahiyo intaneti kwangu siyo ya kuangalizia tamthilia, ndiyo jembe langu. Nilivyofungiwa faiba, ile intaneti inayopita kwa mwanga ndani ya uzi wa glasi, niliisifia mtaa mzima, majirani watatu wameunganisha kwa maneno yangu mimi, ndo maana inaniuma hivi.

Basi siku moja fuso la mchanga limepita limejaza mpaka juu, likavuta waya wetu wa kutoka kwenye nguzo, pwaa, uko chini. Ruta ikawasha ile taa nyekundu ya LOS. Napiga huduma kwa wateja, dada ananiambia zima ruta, subiri dakika tano, washa. Nikamwambia mdogo wangu waya uko barabarani, bodaboda zinaukanyaga, nauona hapa nilipokaa. Akasema nakuelewa dada, naomba uzime ruta. Mara tatu jamani! Ile taa maana yake mwanga haufiki kabisa, sasa nikizima ruta mwanga utatoka wapi?

Siku ya tatu au ya nne akaja kijana. Shikamoo hana, habari hana. Kashika koleo, wembe na kimfuko cha konekta zile za kubana kwa mkono. Akamenya waya kwa meno, uzi wa glasi akaukata kwa wembe, akaweka konekta ya kijani upande mmoja na ya bluu upande wa pili, akazikutanisha, akaviringisha tepu ya umeme juu yake, na waya uliobaki akaukunja kikunjo kidogo kama kifuniko cha soda akaufunga kwa mpira kwenye nondo ya dirisha. Nikamuuliza kwa upole kabisa, baba, mbona aliyefunga mwanzo alikuja na mashine? Akanijibu hata hajageuka, "Mama, wewe unajua nini kuhusu faiba? Taa si imewaka?"

Mbele ya wateja wangu. Nina mtoto mkubwa kumzidi yeye. Nilinyamaza, na mpaka leo najuta kwanini nilinyamaza.

Taa iliwaka kweli, sikatai. Lakini upepo ukivuma mtandao unakata, na mvua ya kwanza tu ikanyesha ikafa kabisa. Kuna binti alikuwa anapandisha cheti chake cha kuzaliwa, inafika karibu na mwisho inarudi mwanzo, inafika inarudi, mwisho akachukua bahasha yake akaondoka bila kusema kitu. Na mbaya zaidi, yule kijana aliacha vile vipande vya glasi sakafuni, vyembamba kama unywele, huvioni mpaka vikuchome. Mjukuu wangu anatambaa pale! Kimoja kiliniingia kidoleni, nilihangaika nacho na sindano usiku mzima.

Nikapiga tena nikapiga tena, mpaka wakamleta fundi mwingine, binti mdogo tu ana begi kubwa mgongoni. Akasema shikamoo mama, pole na usumbufu. Mimi nikajikuta machozi yananilenga.

Akachomeka kipima mwanga kwenye ule waya, kikasoma mainasi 28. Siku ya kwanza ya kufungiwa ilikuwa mainasi 19, ipo kwenye karatasi waliyoniachia. Akanielewesha bila haraka: namba ikiwa karibu na sifuri ndo mwanga mwingi, na kila ikishuka tatu mwanga umepungua nusu, kwahiyo kushuka tisa maana yake nilikuwa nimebakiwa na sehemu moja ya nane, na vifaa vingi vya nyumbani vikivuka 27 vinaanza kuyumba. Akarusha mwanga mwekundu ndani ya waya, akabandua tepu, nikaona kwa macho yangu mwanga unavuja pale kwenye kiungo. Akasema mama, kijani na bluu hazioani, ya kijani ncha yake imechongwa mshazari, ya bluu imenyooka, zikikutana zinaacha mwanya.

Akakata sehemu yote mbovu. Kwanza akavisha kibomba cha plastiki chenye chuma chembamba ndani, maana ukikisahau unakata unaanza upya, akamenya, akafuta uzi kwa spiriti mpaka ukalia kwi kwi, akaukata kwa kifaa maalumu siyo wembe, na kila kipande cha glasi akakitia kwenye kichupa. Mashine ikazisogeza zile ncha mbili zenyewe, nikaziona kwenye kioo kubwa kama mabomba, cheche ikapiga, zikawa kitu kimoja. Ikaandika upotevu wa mwanga 0.02, yaani kama hakuna. Akakipasha moto kile kibomba kikabana, akaweka kwenye kiboksi ukutani, na waya wa ziada akauzungusha mduara mpana kama sahani ya wali. Kupima tena, mainasi 19. Nilimkumbatia.

Nilikuwa nimeshaapa nahama, nikasema basi sihami, kampuni yenye mtu kama huyu haihamwi. Halafu bili ikaja. Wamenitoza mwezi mzima, na zile siku zote nilizokaa bila mtandao zimo! Yaani kosa la fundi wao nalilipia mimi, na wanafunzi nimewapoteza, na kidole kimetunga usaha. Hapana, hapo nikarudi palepale. Huduma mbovu, msiunganishe.

Ila mtandao wenyewe tangu siku ile haujakata hata mara moja, mvua imenyesha ya kutosha tu, siwezi kudanganya. Wakinirudishia siku zangu nalipia mwezi ujao. Na siku waya ukikatika tena namtaka yule binti, kijana wa wembe asikanyage baraza langu.