Tathmini: Huduma ya kuwalaza wafungwa katika hospitali za nje nchini Thailand

Kwenye karatasi, huduma hii ina vizuizi vya kutosha, kwani kanuni ya mwaka 2020 inataka mfungwa anayelazwa nje ya gereza kwa zaidi ya siku 30 aombewe kibali cha mkuu wa magereza, na zikipita siku 60, kisha 120, taarifa ipande ngazi hadi kwa waziri. Udhaifu ni kwamba vibali hivyo hutegemea mno maelezo ya daktari anayemtibu.

Thaksin Shinawatra, waziri mkuu wa zamani aliyerejea nchini Agosti 2023, alihamishwa usiku wa kwanza wa kifungo chake kutoka gerezani hadi ghorofa ya 14 ya Hospitali Kuu ya Polisi, Bangkok, akakaa humo hadi parole (kuachiliwa kwa masharti kabla kifungo hakijaisha) ya Februari 2024. Baraza la madaktari liliwaadhibu madaktari watatu waliohusika na kulazwa kwake mwaka 2025, na Septemba Mahakama ya Juu ikaamuru Thaksin atumikie mwaka mmoja gerezani, kwa kuwa siku za wodini hazikuhesabiwa kuwa sehemu ya kifungo. Uamuzi mzuri, ila umechelewa mno.

Ningependekeza jopo huru la madaktari, wasio watumishi wa polisi wala magereza, limpime upya kila mfungwa anayevuka siku 30. Kwa sasa naipa huduma hii nyota mbili kati ya tano, zote kwa ajili ya kanuni yenyewe.