Nirvana wamekaa upande B: santuri ya ubia iliyofika Mtwara imepinda

Nikipita kwenye mitumba siku za Jumamosi siachi kuiona ile sura ya njano ya fulana za Nirvana, macho alama za X, ulimi nje. Bodaboda mmoja wa kijiwe chetu hapa Magomeni ya Mtwara anayo fulana yake, imepauka mpaka sura imebaki kama kovu. Nilimuuliza Nirvana ni nini, akanijibu bila kusita: kampuni ya nguo. Simcheki. Nirvana ni bendi ya roki ya Marekani, lakini mimi nami nilianza na fulana, muziki ulikuja miaka baadaye kwenye simu, na sasa nimefikia ujinga wa kununua santuri.

Yenyewe ni ndogo, ya inchi saba, inapigwa kwa mizunguko 45 kwa dakika. Ni santuri ya ubia: bendi mbili, kila moja upande wake. Upande A wamepewa The Jesus Lizard na wimbo wao "Puss". Upande B ni Nirvana na "Oh, the Guilt". Ilitolewa Februari 1993 na Touch and Go, lebo ya Chicago. Basi, hakuna kingine. Nyimbo mbili, kila mmoja dakika tatu na ushee, ukizubaa kwenye simu imeisha.

Nimeipata kwa muuzaji wa Dar kwa shilingi 90,000, kifurushi juu 7,000. Nyumbani nimesema elfu thelathini.

Muuzaji hana kosa. Aliibana kati ya makadibodi mawili, akaandika kwa kalamu nene ISIKUNJWE. Hakuandika ISIPIKWE. Basi linatembea kilomita zaidi ya mia tano kutoka Dar mpaka huku, na mwenye vifurushi aliipa nafasi anayoijua yeye, nadhani jirani na injini, maana nilipoipokea stendi jioni bahasha ilikuwa ya moto kama chapati iliyotoka kwenye kikaango. Nilifungua palepale chini ya taa. Ukingo mmoja ulikuwa umenyanyuka kama sikio la mbwa. Nilimwonyesha kijana wa mizigo, akaigeuza mara mbili akasema, "Kaka, si ndivyo ilivyo hii?"

Mimi ni fundi redio, kwa hiyo nilikasirika nikaingia kazini. Nina vioo viwili vya kabati la duka lililokufa. Nikaipangusa santuri vizuri (ukiacha chembe ya mchanga kioo kitaisaga), nikaiweka katikati, nikaianika juani robo saa tu, nimesimama pembeni kama anayechunga samaki wasiliwe na paka. Kisha nikaiingiza ndani na vioo vyake, juu nikaweka mfuko wa sembe wa kilo 25 mpaka kesho yake. Usijaribu kama huna roho ngumu. Jua la saa saba la Mtwara ukilizidishia dakika kumi unapata sahani ya ugali. Yangu ilirudi robo tatu. Ukingo bado una wimbi, sindano inapanda na kushuka kama mtumbwi unaotoka Msimbati, na kwa kuwa santuri huanzia ukingoni, wimbi hilo limekula mwanzo wa nyimbo zote mbili. Sekunde chache za kwanza ni za kulewalewa. Baada ya hapo inatulia.

Nimeipigia kwenye rediogramu ya mjomba, yaani redio na kicheza santuri ndani ya kabati moja. Kwetu Wamakonde mali ya mjomba ina njia yake ya kumfikia mpwa, ila huyu mjomba bado yu hai na ana miaka 71, kwa hiyo rediogramu naitengeneza tu, siimiliki. Mkanda wake ulishakufa, nimeweka wa deki ya kaseti, unashika vizuri asubuhi na kuteleza kidogo mchana wa joto. Mjomba alipiga tumba ujanani, harusi na dansi za mitaani, Mtwara, Lindi mpaka Masasi. Nilikwenda naye kwa heshima zote, shikamoo, ming'oko ya kuchemsha (vile viazi vya porini vya huku kusini) na pilipili kwenye mfuko, ndipo nikatoa santuri.

"Bendi gani hizi?"

"Za Marekani, mjomba. Moja mbele, moja nyuma."

"Zimepatana au zinagombana?"

Swali hilo nimekaa nalo wiki nzima. Santuri zake yeye, zile za 45 zilizokuwa zikirekodiwa Redio Tanzania na kufyatuliwa Nairobi, mara nyingi zilikuwa wimbo mmoja uliokatwa vipande viwili. Sehemu ya kwanza waimbaji wanamaliza kisa, unageuza, sehemu ya pili magitaa yanachemka. Ukigeuza unakuta watu walewale wameshavua makoti. Hii ukigeuza umehama nyumba. Kwa hiyo kwa mjomba kitu cha karibu zaidi kilikuwa ni mpambano wa Msondo na Sikinde, jukwaa moja, bendi mbili, na kila shabiki ameshaamua tangu nyumbani nani atashinda. Kwenye karatasi mpambano huu haukuwa na ushindani. Kufikia 1993 Nirvana walikuwa wanajulikana dunia nzima. Jesus Lizard walikuwa wanajulikana na watu wanaosoma maandishi madogo nyuma ya majalada. Uingereza santuri hii ilifika nafasi ya 12 kwenye chati, na naapa hao walionunua hawakuifuata "Puss".

Na "Puss" ndiyo imeshinda. Imeshinda mbali.

Jesus Lizard walianzia Austin, Texas, mwaka 1987, wakahamia Chicago. Watu huwaweka kwenye kapu la posti-hadikoo, yaani kilichofuata baada ya hadikoo, ile roki ya panki ya kasi ya Marekani ya miaka ya 80 mwanzoni. Hadikoo ilikuwa mbio tupu. Waliokuja baadaye walibaki na hasira ileile wakajifunza kusimama, kuacha nafasi, kukata mdundo mahali usipotegemea. Kwenye "Puss" besi ya David Wm. Sims ndiyo inayoshika nyumba. Inazunguka palepale, nzito, kama mtu anayerudi mlangoni kila baada ya dakika kudai deni lake. Ngoma za Mac McNeilly zinaipiga kutoka nyuma, na gitaa la Duane Denison halijazi chumba kama magitaa mengi ya roki, linachoma na kutoka, linachoma na kutoka. Wapigaji wa solo wa dansi wangemwelewa: kila noti inasikika ilipoanzia na ilipoishia.

Halafu kuna David Yow, mwimbaji. Kusema mwimbaji ni ukarimu. Anatoa sauti ya mtu aliyezibwa mdomo kwa kanga na anajitetea. Na sauti hiyo haijapandishwa juu, imezama katikati ya vyombo, lazima uifuate. Hapo ndipo mkono wa Steve Albini unapoonekana. Yeye ndiye aliyerekodi, na hakupenda kuitwa prodyuza, alitaka aandikwe tu kwamba amerekodi. Alifariki Mei 2024. Kazi yake unaitambua kwenye ngoma: unasikia chumba. Ngozi inapigwa, halafu unasikia ukuta ukijibu. Wimbo huu umo pia kwenye albamu yao ya 1992, "Liar", kwa hiyo shabiki wao hakupata kitu kipya hapa. Kwangu ilikuwa mara ya kwanza kuusikia kwa sindano, na nyumba ya mjomba ina sakafu ya saruji na dari ya bati. Chumba cha Albini kikaingia ndani ya chumba cha mjomba. Vikombe kwenye kabati vilianza kuongea.

Mjomba aliacha kumenya ming'oko. Alisikiliza kichwa kimeinama, vidole viwili vikigonga mkono wa kiti, na vikakosea. Akajaribu tena vikakosea tena. Kwa mtu aliyepiga tumba miaka mingi, hiyo ni tusi na ni sifa kwa wakati mmoja.

"Rudisha."

Nikarudisha.

"Huyu wa ngoma anakata kabla ya kufika," akasema. "Unamngoja hapa, yeye ameshapita kule. Wimbo unaitwaje?"

Nikamwambia ni kama paka. Kuna tafsiri nyingine, ila si ya kumwambia mjomba.

Upande B. Nirvana walirekodi "Oh, the Guilt" Aprili 1992, Seattle, kwa Barrett Jones, studio ya nyumbani. Unasikika hivyo, kama wimbo wa watu waliokuja mchana, wakapiga, wakaondoka kabla ya foleni. Gitaa ni zito, lina matope, mwimbaji wao Kurt Cobain ananong'ona kidogo halafu anapasuka, na kuna mlio mdogo kama kiberiti cha gesi kinachowashwa, tya, tya, ambao kwenye simu sikuwahi kuiona maana yake. Kwenye spika za rediogramu uko pale mbele kabisa, kama mtu amekaa pembeni yako anahangaika na sigara. Hicho ndicho kitu kilichonifurahisha upande mzima. Wimbo wenyewe ni mzuri tu. Hauna kile kibwagizo cha kuimba nacho ambacho Nirvana walikuwa wanakitoa hata usingizini, na ukitoka moja kwa moja kwenye ngoma za Albini unahisi mtu amekufunika na blanketi. La kuchekesha ni kwamba mwezi huohuo santuri inatoka, Februari 1993, Nirvana walikuwa Minnesota wanarekodi albamu yao ya "In Utero" na nani? Albini huyohuyo. Nadhani walishayasikia tunayoyasikia.

Jalada ni mchoro wa Malcolm Bucknall unaoitwa "Old Indian and White Poodle". Shangazi alipouona akaugeuzia ukutani. Karatasi ya jalada langu ina madoa ya ukungu pembeni. Sijui ya Dar au ya wapi, ila kwa unyevu wa pwani hii najua hayatapungua, nimeiweka kwenye mfuko wa plastiki na kipande cha mkaa.

Kwa bei? Kama unaitafuta kwa ajili ya Nirvana, hifadhi pesa yako. Elfu tisini kwa wimbo mmoja wa wastani ni nyingi, na wimbo huo unapatikana kirahisi. Kama una mahali pa kuipigia kwa sauti, na jirani mwenye subira, nunua kwa ajili ya upande A na uhesabu wa pili kama nyongeza ya muuza ndizi. Na ukiagiza iletwe huku kusini, usiikabidhi kwenye vifurushi. Tafuta mtu anayesafiri, mwambie aishike mapajani. Mimi ya pili, maana ipo ya pili njiani, inakuja na mwalimu mmoja anayerudi likizo, amekula kiapo.

Mjomba ameniomba niiache kwake kidogo. Nilipopita juzi jioni, kabla sijabisha hodi, nilisikia ile besi, imelewa mwanzoni kwa sababu ya lile wimbi, na juu yake mkono wa mzee kwenye tumba, anakosea, anarudisha sindano, anaanza tena.