Kimetsu no Yaiba, episodi ya 19: si moto tu

Tahadhari mapema: namwaga yote, asiyeitazama apite.

Ukimtajia shabiki yeyote wa Kimetsu no Yaiba, anime (katuni ya Kijapani) ya wawindaji wa mazimwi, "Hinokami", episodi ya 19 ya msimu wa kwanza iliyorushwa Agosti 2019, ataanza na michoro. Ana haki. Studio ya ufotable imemaliza ufundi wake pale Tanjiro, kijana mwindaji, anapoacha Pumzi ya Maji, mtindo wake wa kupigana kwa upanga, katikati ya shambulizi, buluu ikageuka nyekundu kwenye upanga uliokwishakatika. Lakini mimi nasema ushindi ule si wa upanga.

Mtazame Rui. Zimwi hili limekusanya mazimwi mengine, likayapa vyeo vya mama, baba na ndugu, na anayekosea anaadhibiwa. Sasa anamtaka Nezuko, dada wa Tanjiro, awe dada yake, basi anamning'iniza hewani kwa nyuzi zinazomkata mwili. Huo ndio undugu anaoujua. Upande wa pili, kinachomwokoa Tanjiro ni kumbukumbu ya baba mgonjwa akicheza ngoma ya mungu wa moto kwenye theluji, na kinachomwamsha Nezuko ni marehemu mama yao akimsihi amwokoe kaka yake. Hapo damu ya Nezuko iliyoloa kwenye nyuzi inalipuka, moto unakimbia juu ya uzi hadi kwa mwenyewe Rui. Zile zile nyuzi alizofungia! Nani aliyewaza hilo? Koyoharu Gotouge, mwandishi wa manga (kitabu cha katuni) yenyewe, apewe maua yake.

Na muziki jamani. Wimbo wa Go Shiina, sauti ya Nami Nakagawa, unaingia taratibu kama bembelezo wakati watu wanakatana, na ndio unaofunga episodi badala ya wimbo wa mwisho tuliouzoea. Watayarishaji wengine wangeweka magitaa na kelele.

Kinachonikera ni maelezo. Kifo kiko mbele ya pua na Tanjiro bado anatuchambulia hali yake kichwani. Kaka, pigana! Tunaona wenyewe.

Halafu episodi ya 20 inakupokonya furaha: kumbe Rui alijikata shingo mwenyewe kwa nyuzi zake kabla upanga haujafika, ili usimuue, na Giyu, mwindaji wa ngazi ya juu, ndiye anayemmaliza. Wengi walinuna. Mimi sikununa, kwa sababu kwa kiwango alichokuwa nacho Tanjiro, kumuua mmoja wa Kizuki, yale mazimwi kumi na mawili yenye nguvu kubwa, kungekuwa uongo.

Mgeni asianzie hapa. Aanze ya 15, wanapoingia Mlima Natagumo, na avae spika za masikioni.