Kitabu kilichozuiwa forodhani: The Cautious Amorist

Nisiseme uongo, nilikinunua kwa sababu kilipigwa marufuku. Norman Lindsay nilimjua kama mchoraji wa wanawake wasio na nguo, tena mtunzi wa hadithi ya watoto ya pudingi inayoongea, The Magic Pudding ya 1918. Niliposikia ndiye huyohuyo aliyeandika, mwaka 1932, riwaya ya wanaume watatu na msichana mmoja waliokwama kisiwani, na Australia, kwao kabisa, wakaizuia, sikufikiria mara mbili.

Muuzaji wa mtandaoni alinihakikishia "kikuukuu lakini hali nzuri sana". Kufungua bahasha, jalada likabaki mkononi, kurasa zikaenda sakafuni. Nikazipanga, nikazifunga kwa raba, nikasoma hivyohivyo, raba ikiniruka usoni kila baada ya sura moja.

Sasa kitabu chenyewe. Aliyekuja kutafuta mambo ya chumbani atalala mapema. Kinachochekesha ni wivu. Mchungaji Gibble, mwandishi wa gazeti Carrol na Plunkett, mtia makaa wa meli, wote macho kwa Sadie Patch, na kila mmoja anawachunga wenzake kwa jina la adabu, kumbe anachunga nafasi yake. Hapo Lindsay ni fundi. Mchungaji ndiye aliyenichekesha zaidi. Unamwona anahangaika kubaki mchungaji mahali pasipo kanisa wala waumini, ila tamaa yake kaja nayo nzima. Nadhani yeye ndiye aliyewachoma wakubwa kuliko ngozi ya Sadie. Kwenye filamu ya 1953, Our Girl Friday, ambayo Joan Collins kacheza kama Sadie, Gibble kageuzwa profesa. Ajabu hiyo!

Na marufuku yenyewe haikuwa kazi kubwa. Vitabu vingi vya Waaustralia vilichapwa ng'ambo na kurudi kwa meli, hiki kilitokea New York, kwa hiyo maofisa wa forodha wakiamua ni kichafu, ndiyo basi. Riwaya yake nyingine, Redheap, ilifungiwa 1930 na kuachiwa 1958. Miaka 28! Aliyeisubiri akiwa kijana aliisoma ana wajukuu.

Kilichonikera ni Sadie mwenyewe. Tunamwona mno kwa macho ya wale watatu; nilitamani sura moja tu aachwe peke yake ufukweni tusikie anawaonaje. Na misimu ya Kiingereza cha enzi zile inachosha, nilirudia mistari mingine mara tatu ndipo nikacheka.

Nakipa nyota tatu na nusu, nusu ikiwa ya mchungaji. Muuzaji simpi kitu.

Shemeji yangu alikiazima wiki iliyopita. Kakirudisha jana, kakiweka mezani na raba yake, akaniangalia kwa jicho la pembeni: "Shemeji, zile kurasa zenyewe umezificha wapi?"