Kahawa ya Kalinzi kwa mapishi ya yai ya Waswidi wa Marekani

Kahawa ya kupima inayopatikana hapa Kigoma, Soko la Mwanga na kule Ujiji, ile inayoshuka kutoka Kalinzi na Manyovu, husagwa laini mno kwa sababu wateja wengi wanataka kahawa chungu ya birika. Kwa kazi hiyo haina mpinzani. Hapa inapimwa kwa kazi nyingine: kahawa ya yai, yaani inayochemshwa na yai ndani yake, sufuria moja kubwa ya kunywesha watu wengi, vile walivyofanya wahamiaji wa Uswidi katika miji ya Marekani.

Waswidi zaidi ya milioni moja walihamia Marekani kati ya miaka ya 1840 na 1930. Wengi walikaa Chicago, kwenye mitaa kama Andersonville, na Minneapolis pembezoni mwa Cedar Avenue. Mgeni aliyeshuka kwenye treni hajui Kiingereza aliwapata watu wake kanisani au kwenye chama cha kupinga pombe, na kote huko kinywaji kilikuwa kahawa. Vikundi vya akina mama vya kushona viliuza kahawa na kazi za mikono ili kuchangia ujenzi na misioni. Sinodi yao ya Augustana, yaani umoja wa makanisa yao ya Kilutheri, iliyoundwa mwaka 1860, ndiyo iliyopeleka wamisionari Iramba, Singida, miaka ya 1920, kwa hiyo si watu wa mbali sana na sisi. Kahawa ya yai ilishika mizizi kwenye kumbi za chini za makanisa ya aina hiyo, na kanisa la Salem Lutheran bado huiuza kwenye maonesho ya jimbo la Minnesota. Uswidi kwenyewe watu walikuwa wakituliza mashapo ya kahawa kwa ngozi kavu ya samaki. Tafadhali, mtu asijaribu na mgebuka, samaki wetu wa ziwani.

Vipimo ni hivi: maji lita 2, kahawa vijiko 12 vya chakula, yai moja, maji baridi robo kikombe ya kuchanganyia na kikombe kizima cha kumalizia. Vunja yai kwenye kibakuli pembeni kwanza, maana yai viza moja linaharibu kila kitu. Likoroge, tia kahawa na ile robo ya maji, changanya mpaka upate tope zito jeusi. Maji yakishachemka kwelikweli, mimina tope hilo, punguza moto, acha lichemke taratibu dakika 3. Epua, mwagia kikombe cha maji baridi, funika, subiri dakika 10, kisha chuja.

Kinachofanya kazi hapo ni ute. Joto linaugandisha, nao unakamata chembe laini pamoja na sehemu ya vitu vinavyoleta uchungu, vyote vinakuwa donge moja linaloelea. Maji baridi yanalizamisha. Kinachobaki ni kahawa ya rangi ya kaharabu, unaona hadi chini ya glasi, na haina harufu ya yai hata kidogo.

Isipokuwa ukikosea. Ukilitia yai peke yake kwenye maji yanayochemka utapata mayai ya kukoroga na kahawa chafu. Ukichemsha dakika 10, harufu ya yai inatoka na uchungu unarudi. Kubwa zaidi ni povu: ute huinua povu ghafla, na sufuria iliyojaa itazima jiko la mkaa. Sufuria ijae nusu tu, na asiiache mtu.

Sasa kahawa yetu. Ile ya kusagwa laini inashindwa. Yai moja halitoshi kukamata unga wote, na ukiongeza la pili ladha inafifia, unakunywa maji ya rangi. Ombeni isagwe kwa chenga, kama za mchele. Wenye mashine wengi watakubali ukiwaambia kabla hawajawasha. Ikisagwa hivyo, arabika ya milima hii inapendeza kuliko nilivyotarajia: uchachu wake wa matunda, ambao kwenye birika hufunikwa na uchungu na tangawizi, unajitokeza wazi. Sharti iwe imekaangwa wastani. Iliyokaangwa hadi kung'aa mafuta inapoteza uzuri wake wote humu, na hiyo ndiyo inayojaa sokoni.

Jambo moja ambalo mapishi ya Minnesota hayawezi kukuambia linahusu ganda la yai. Wapishi wengi wa huko hulitwanga na kulitia pamoja na yai, kwa kuwa chokaa yake hupunguza uchachu. Kwa Kigoma mjini liacheni. Maji ya Ziwa Tanganyika yana pH karibu 9, yaani yana asili ya magadi, tayari yanakula uchachu yenyewe. Ukiongeza na ganda kahawa inapooza kabisa. Kwa maji ya mvua nusu ganda lililooshwa vizuri linafaa.

Kwa mtu mmoja asubuhi, ni usumbufu usio na maana. Kwa kikao cha kikoba, kwaya au msiba, ni bora kuliko kahawa ya unga ya kopo, na gharama iliyoongezeka ni yai moja. Ikishachujwa itieni kwenye chupa ya chai mara moja. Ikiachwa juu ya donge lake, baada ya nusu saa inaanza kukakasa ulimi.