Kitabu cha Ida B. Wells nilichokipata mtumbani Moshi, mwandishi wa habari asikikose

Wadau wa vitabu, leo naleta kitabu nilichonunua kwenye meza ya vitabu vya mtumba hapa Moshi, upande wa stendi, muuzaji alianzia elfu kumi na mbili tukavutana mpaka elfu nane. Kinaitwa Crusade for Justice, ni maisha ya Ida B. Wells aliyoyaandika yeye mwenyewe, kisha bintiye Alfreda Duster akayahariri yakatoka 1970, wakati mama alishafariki tangu 1931. Kwa yeyote anayesomea uandishi wa habari, awe Arusha, awe Moshi, hiki kitabu kitamsaidia kuliko zile noti tunazotolea kopi kila siku.

Kwa asiyemjua, ni mwandishi wa habari mweusi wa Marekani, alizaliwa 1862 Holly Springs, Mississippi, wazazi wakiwa bado watumwa. Homa ya manjano ya 1878 ikambeba baba, mama na mdogo wake mchanga, yeye ana miaka 16. Marafiki wa baba wakakaa kikao wagawane watoto, huyu aende kwa fulani yule kwa fulani, Ida akagoma, akarefusha gauni zake aonekane mtu mzima akaenda kufundisha shule ya kijijini, anapanda nyumbu. Mimi hapo tu nilishampenda.

Baadaye akiwa mwalimu karibu na Memphis, mji wa jimbo la Tennessee, akapanda treni na tiketi yake halali ya behewa la wanawake, kondakta anamwambia ahamie la wavuta sigara, anamvuta, akamng'ata mkono, ikabidi waje wanaume wengine ndo wakamtoa. Akaenda mahakamani akashinda dola 500, halafu 1887 mahakama ya juu ya Tennessee ikatengua hukumu na gharama ya kesi akabebeshwa yeye. Kisa hicho alikiandika kwenye gazeti, na kalamu hakuiweka chini tena.

1889 akanunua hisa kwenye gazeti la Free Speech la Memphis akawa mhariri, na 1891 alipoandika ubovu wa shule za watoto weusi wakamuondoa kwenye ualimu, basi gazeti likawa ndo kazi yake rasmi. Sasa sikieni hii, wasomaji wake wengine hawakujua kusoma, wananunua ili wasomewe nyumbani, na wauzaji wakawa wanawapa gazeti lingine kabisa. Ida akafanya nini, akaanza kulichapa kwenye karatasi ya pinki! Mtu anaomba lile la pinki, hakuna wa kumdanganya. Mimi ninayeona watu asubuhi wamesimama mbele ya magazeti yaliyotundikwa wanasoma vichwa vya habari bila kununua, nimeielewa sana hii, yaani alimjua msomaji wake mpaka mfukoni.

Sehemu nzito ni Machi 1892. Rafiki yake Thomas Moss na wenzake wawili, wenye duka la People's Grocery lililokuwa linamnyima wateja mzungu jirani mwenye duka, walitolewa jela usiku wakauawa na kundi la watu. Ida ni mama wa ubatizo wa mtoto wa Moss. Akaandika watu weusi wahame Memphis, wakahama kweli, waliobaki wakaacha kupanda tramu, yale magari ya reli ya mjini, mpaka wakubwa wa kampuni wakaja ofisini kumbembeleza awaambie watu warudi. Yeye akawahoji wao, akachapa mahojiano, akaenda na makanisani kuwaambia watu wakaze hivyo hivyo. Mei mwaka huo akiwa safarini wakavunja ofisi ya gazeti na kutishia kumuua akirudi, akahamia New York akaendelea kuandika, 1893 na 1894 akaenda Uingereza kuhutubia.

Kinachonifanya nikisifie zaidi ni namna alivyofanya kazi. Alifika penye tukio, akauliza watu, na hesabu za watu waliouawa na makundi kama lile la Memphis alizichukua kwenye magazeti ya wazungu wenyewe kama Chicago Tribune, ili asije mtu akasema kazitunga. Wasisitizieni vijana hili, hasira alikuwa nayo tele ila aliandika na ushahidi mkononi. Na baada ya kuolewa 1895 alisafiri mikutanoni na mtoto ananyonya, dada zangu wanaoambiwa wachague kimoja wasome sura hiyo kwa makini.

Kasoro zipo. Sura za Chicago, alikohamia baadaye, za vyama na vikao ni ndefu, majina yanafuatana mpaka unachoka, na kingereza chake ni cha zamani, kaa na kamusi. Kitabu pia hakina mwisho, alifariki akiwa anaandika na sentensi ya mwisho imekatika katikati ya neno, msidhani kurasa zimenyofoka. Changu gundi ya mgongoni imeachia kidogo, kwa bei ile nimekubali, ila kagueni kabla ya kulipa.

Tuzo ya heshima ya Pulitzer, ile kubwa ya uandishi wa habari Marekani, alipewa 2020, miaka karibu 90 baada ya kufa, imechelewa mno kwa kweli.

Muuzaji ni mstaarabu, anakuacha ufungue usome, na ukimwachia jina la kitabu anakutafutia kwenye mzigo mpya. Nimeshamwambia kikija kingine cha huyu mama aniwekee, kuna binti wa dada yangu anaanza chuo cha habari Arusha.